Barua Pepe, Si Lazima

4 Februari

Kwako Mtaalamu, mtoto wa kaka yangu,

Salamu nyingi zikufikie hapo ulipo. Natumaini u mzima na kwamba kile kikohozi ulichoondoka nacho kimekuachia. Mimi sijambo, isipokuwa goti la kushoto. Daktari analiita goti la uzee. Mimi naliita goti la ngazi, kwa sababu mimi ndiye ninayeishi ghorofa ya nne, si yeye.

Nakuandikia kukujulisha kwamba nimejiandikisha kwenye kozi ya kutengeneza tovuti. Usicheke. Najua umeshacheka. Ulipokuja kumwona baba yako mwezi wa Desemba ulisema mbele ya watu wote kwamba kizazi changu kikiona kompyuta kinatafuta pa kuchomeka karatasi. Nilinyamaza kwa sababu nilikuwa na chakula mdomoni. Mwanangu, nimekuwa katibu muhtasi miaka thelathini na moja. Nimewapigia chapa barua wakurugenzi saba, na kati yao ni wawili tu waliojua sentensi inaishia wapi. Sioni kwa nini nishindwe na kitu ambacho wewe umekiweza.

Darasa liko juu ya duka la matairi. Tuko kumi na mmoja. Mwalimu ni kijana aliyening'iniza spika za masikioni shingoni kutwa nzima na sijamwona akizivaa hata mara moja. Siku ya kwanza alisema, "Leo tutaandika kodi," nikadhani anadai pango. Kumbe ndivyo wanavyoyaita maandishi yao. Kulia kwangu anakaa bwana anayeuza magodoro. Kila anachofundishwa anauliza kama kinaweza kuwaka-waka. Kushoto kuna dada anayeandika kila neno la Mwalimu, hata akipiga chafya. Ndio wenzangu hao.

Tumefundishwa kwamba ukurasa wa tovuti una mifupa, una nguo, na una akili. Mifupa na nguo nimeviweza. Akili ndiyo hiyo JavaScript, tunaianza Jumatatu. Nikikutazama wewe, naona kwamba hata asiye nayo nyingi anaweza kuiandika.

Ni mimi,
Shangazi yako


9 Februari

Shangazi, shikamoo.

Kikohozi kimekwisha, ahsante. Pole kwa goti. Nyumbani kwangu wote wazima.

Nimecheka, nisikudanganye. Barua yako nimewasomea wenzangu ofisini, nao wakacheka. Mmoja kauliza kama utakuja kufanya mafunzo ya vitendo kwetu, tukuwekee kiti chenye mto.

Lakini nikwambie ukweli, kwa sababu hakuna mwingine atakayekwambia. Hizo kozi za juu ya maduka nazijua. Watakufundisha kubadilisha rangi ya kitufe, watakupa cheti chenye muhuri wa dhahabu, mtapiga picha, basi. Kazi hii si kupiga chapa. Kwenye kupiga chapa mtu mwingine anafikiri, wewe unabonyeza. Huku anayebonyeza ndiye anayefikiri.

Ukitaka kuona tovuti ya kweli, fungua ile ya chuo cha uuguzi. Nimeijenga peke yangu, kuanzia ukurasa hadi seva. Maombi ya kujiunga sasa yanajazwa humo, hakuna tena foleni ya bahasha. Mkuu wa Chuo alipoiona alisimama akapiga makofi. Bosi anasema mwaka huu nitakabidhiwa timu.

Wewe jifurahishe tu. Kufuma vitambaa pia ni shughuli nzuri.

Mwanao


2 Machi

Kwako Mtaalamu,

Marahaba. Natumaini hii inakukuta salama, wewe na hao wenzako wanaocheka kirahisi. Goti limetulia, hasa baada ya lililotokea kwenye ngazi, kama utakavyosoma.

Wiki iliyopita Mwalimu alitangaza kwamba tutaanza kutumia maktaba. Nikaja nimevaa viatu vya kutembelea. Kumbe maktaba ni maandishi ambayo mtu mwingine keshayaandika, wewe unayachukua tu na kuyaita kazi yako. Ndipo nilipoelewa mnavyofika mbali bila jasho.

Hata hivyo nimetengeneza kitu. Jengo letu lina kaya nane na ngazi moja, na kila kaya ina zamu yake ya kufagia. Kwa miaka sita ile karatasi ya zamu ukutani imekuwa ikipotea kila inapofika zamu ya mwalimu wa hesabu wa ghorofa ya tatu. Sasa zamu ziko kwenye tovuti. Ukishafagia unabonyeza jina lako, linageuka kijani, na kila mtu analiona kwenye simu yake. Nimekuwekea anwani yake hapo chini. Fundi saa wa ghorofa ya pili alilitazama jina lake likigeuka rangi akasema, "Kumbe vitu hivi vinatengenezwa na watu."

Jingine. Unamkumbuka mpangaji wangu wa chumba cha nyuma, yule tunayemwita Kimya? Anasafisha wodi ya wazazi pale hospitali. Miaka mitatu nzima amekuwa akidoea maneno ya wauguzi huku anapiga deki, na sasa kaamua kuomba nafasi kwenye chuo hicho chako. Jana alijaza fomu mezani kwangu, kwa kompyuta yangu, kidole kimoja kimoja. Alipobonyeza kitufe, skrini nzima ikajaa maua ya karatasi yanadondoka kutoka juu, rangi zote, na maandishi makubwa: HONGERA! MAOMBI YAKO YAMEFIKA. Kimya alisimama akashika mgongo wa kiti, akacheka. Miaka mitatu tunaishi naye, sikuwahi kuusikia mlio wa kicheko chake.

Nilikaribia kukusifu. Nikajizuia kwa wakati.

Shangazi yako


5 Machi

Shangazi, shikamoo.

Mimi mzima. Nafurahi goti limetulia.

Yale maua ni wazo langu. Kuna maktaba ya maua, unaandika mistari mitatu tu yanadondoka. Ndiyo yaliyompigisha Mkuu makofi.

Nimefungua tovuti yako ya ufagio. Kwa dakika nne nikiwa nimekaa kitini kwangu nimejiandikisha kama kaya ya tisa, nimejiwekea kijani cha wiki tatu, na yule mwalimu wa hesabu nimempa wiki kumi. Ukaguzi wote umeuweka kwenye kivinjari cha mtu! Kivinjari ni cha mgeni, Shangazi. Seva, ile kompyuta inayotunza kila kitu, ndiyo nyumba yako. Nani anamwachia mgeni ajikague mwenyewe mlangoni? Hili ni somo la mwezi wa kwanza. Ama huyo Mwalimu wako hajui, ama alijua akaona si lazima kukuambia.

Nakupa heshima yako kama shangazi. Kama mwanaprogramu, kaa na vitambaa.

Mwanao


12 Machi

Kwako Mtaalamu,

Natumaini u mzima. Mimi nimerudi kwenye goti.

Ulikuwa sahihi. Nimekaa siku mbili kabla ya kuandika maneno hayo, na ona, nimeyaandika. Mwalimu wa hesabu aliamka akajikuta shujaa wa usafi, akanipigia simu kunishukuru. Nimehamishia ukaguzi wote kwenye seva, kama inavyotakiwa. Jaribu tena uone kama utaingia.

Sasa nina swali, nalo naliuliza kwa heshima. Mwalimu ametuonyesha mahali fulani ndani ya kivinjari ambapo unaona kila ujumbe unaotoka kwenye ukurasa kwenda kwa seva, na kila jibu linalorudi. Nikasema nijifunze kwa kazi ya bingwa. Nikafungua fomu yako ya chuo, nikajiita Bibi Majaribio, nikajaza kila kitu vilevile kama alivyojaza Kimya. Pale palipoandikwa "Barua pepe (si lazima)" nikapaacha wazi, maana Kimya hana barua pepe na ninyi mmesema si lazima. Nikabonyeza. Maua yakadondoka, hongera ikatokea. Lakini kule chini, kwenye orodha ya majibu, mstari wangu ulirudi mwekundu, na namba 422.

Ile nyekundu ni nini? Nauliza leo kwa sababu maombi yanafungwa tarehe 15.

Shangazi yako


13 Machi

Shangazi, shikamoo.

Nina kikao, kwa hiyo nitakuwa mfupi. Nyekundu zipo kwenye kila tovuti utakayoifungua. Ni mambo ya ndani. Mtu akifunguliwa boneti ya gari kwa mara ya kwanza, kila waya anadhani umekatika.

Maombi mia mbili na zaidi yameshaingia. Mkuu anayaona. Ingekuwa kuna tatizo ningekuwa wa kwanza kujua, si mwanafunzi wa wiki ya sita.

Na tafadhali usijaze tena fomu za uongo kwenye mfumo wa watu.

Mwanao


27 Machi

Mtaalamu,

Salamu. Hapa si wazima sana.

Jana chuo kilibandika getini majina ya watakaoitwa kwenye usaili. Kimya alitoka zamu akaenda moja kwa moja, na sare yake ya usafi mwilini. Hakuliona jina lake. Akaingia ofisini kuuliza kama aliomba vibaya. Karani akatafuta kwenye kompyuta, akamwambia, "Dada, wewe hukuomba."

"Niliomba. Maua yalidondoka."

"Maua gani?"

Akajaribu kumweleza. Watu wa kwenye foleni wakaanza kucheka. Karani akamtazama ile sare, akamwambia vizuri tu, kama mtu anayemhurumia mgonjwa, "Mwaka ujao muombe mtu anayejua akujazie."

Alinisimulia haya kwa maneno yasiyozidi ishirini, kisha akaenda kufua sare.

Leo asubuhi nimeukalia ukurasa wako. Nimeusoma mstari kwa mstari, jinsi nilivyokuwa nasoma barua kabla ya kumpelekea mkurugenzi asaini. Na nikwambie, wewe ni wa wale wakurugenzi watano wasiojua sentensi inaishia wapi. Maua yako yanadondoka mtu anapobonyeza kitufe. Hayangoji jibu la seva. Seva ikubali, ikatae, iwe imeungua moto, wewe unamwambia mtu hongera. Halafu nikajaribu mara mbili kwa jina lile lile la Bibi Majaribio, maana hata baada ya tarehe 15 fomu yako bado inapokea: nikiweka barua pepe, jibu ni kijani, nikiacha wazi, nyekundu, na ndani ya hiyo nyekundu seva yako imeandika kwa lugha iliyo wazi kabisa kwamba barua pepe ni lazima.

Kwa hiyo ukurasa unasema si lazima, nyumba inasema lazima, na mgeni aliyefukuzwa mlangoni anaimbiwa hongera barabarani. Mimi nilikosea juu ya ufagio. Wewe umekosea juu ya watu.

Tarehe 12 nilikuuliza. Zilikuwa zimebaki siku tatu.

Ni wangapi?

Shangazi yako


3 Aprili

Mtaalamu,

Natumaini unaumwa, maana nikijua u mzima na hujajibu nitachukia zaidi.

Naona umeugusa ukurasa. Sasa maua yanangoja jibu, na pale kwenye barua pepe umeondoa neno lazima kwenye seva. Umetengeneza vizuri sana mlango wa nyumba iliyokwisha hamwa. Hukumwambia mtu, si mimi, si chuo. Ulidhani bibi wa kozi ya juu ya matairi hatarudi kutazama. Nina nakala ya ukurasa wa zamani. Katibu muhtasi asiye na nakala si katibu muhtasi.

Mwalimu anasema seva huwa na kumbukumbu, inaandika kila ujumbe ilioukataa. Ya kwako imeandika majina mangapi?

Shangazi yako


6 Aprili

Shangazi, shikamoo.

Siumwi. Sikujibu kwa sababu nina kazi, na kazi zangu zina watu wanaosubiri.

Unaandika kana kwamba nimeua mtu. Haya. Mwanzoni barua pepe ilikuwa lazima. Chuo wakasema baadhi ya waombaji hawana, nikaondoa kwenye ukurasa. Kwenye seva nikasahau. Nilijaribu kwa barua pepe yangu, ikapita, nikaendelea na mambo mengine. Ni neno moja, Shangazi. Neno moja nililosahau kufuta. Kila mwanaprogramu ana neno lake.

Kumbukumbu za seva zinajifuta zenyewe baada ya wiki mbili. Hakuna orodha. Hata nikienda kwa Mkuu leo nitaenda na nini? Nitasema kuna watu siwajui, idadi siijui, walioomba na hawakuomba? Ataniuliza kwa nini sikusema mapema. Na bosi anatangaza kiongozi wa timu mwisho wa mwezi huu huu.

Na tuseme ukweli kama watu wazima. Mtu ambaye mpaka leo hana barua pepe, kweli angemaliza miaka mitatu ya uuguzi? Wangapi kati yao wangeitwa hata kama fomu zingefika? Kimya anaweza kuomba mwaka ujao, nitamjazia mwenyewe.

Usimwambie Mkuu. Nakuomba.

Mwanao


7 Aprili

Marahaba. Mimi mzima. Hali yako sikuulizi, nimeiona.

Nimekudharau mara nyingi tangu uzaliwe, na mara zote ilikuwa dharau ya mapenzi. Nilikudharau ulipopiga picha ya kitambulisho na miwani ya jua. Nilikudharau ulipomwandikia barua ya posa yule binti wa duka la dawa ukakosea jina lake. Hii ya leo ni nyingine, sikuwa nayo, nimeipata jana saa nne asubuhi niliposoma barua yako.

"Mtu ambaye mpaka leo hana barua pepe." Mtu huyo anaingia wodini saa kumi na mbili asubuhi na anajua ni mama yupi amejifungua usiku, yupi anavuja damu zaidi ya kawaida, yupi hajatembelewa. Mwaka jana alimwita muuguzi kwa mgonjwa ambaye kila mtu alidhani amelala. Wewe una barua pepe tatu na hukuweza kunijibu kwa siku kumi. Ungekuwa wewe ndiye wa kuitwa, yule mama angekufa akisubiri umalize kikao.

Ulisema anayepiga chapa hafikiri. Nikueleze jambo ambalo hata baba yako halijui. Mkurugenzi wa nne alipoteza jalada la mlinzi mmoja aliyeomba uhamisho akae karibu na mkewe mgonjwa. Mwaka mzima jalada halionekani. Wakubwa wa juu walipouliza, mkurugenzi akaniambia nipige barua ya kumkatalia mlinzi, tarehe ya nyuma, kwa sababu alichelewa kuomba. Hakuchelewa. Maombi yake niliyapokea kwa mkono wangu. Nikapiga ile barua. Nilifikiri, mwanangu. Nilifikiri mstari kwa mstari, na nikapiga bila kosa hata moja. Mlinzi alikuja kuichukua, akaisoma palepale mezani kwangu, kisha akanishukuru kwa kumwandika "Bwana" kwenye bahasha.

Kwa hiyo usidhani nakuhubiria. Najidharau kwa karatasi ile mpaka leo, na nilikuwa nadhani dharau hiyo imenijaa kiasi kwamba hakuna nafasi ya mtu mwingine. Nafasi imepatikana.

Kuhusu kumbukumbu za seva kujifuta zenyewe: Mwalimu wangu, huyo wa spika za shingoni, ametufungulia seva tukaona. Hazijifuti mpaka mtu aziamuru. Na wewe kufuta hukuwezi. Neno moja tu lilikushinda.

Nakupa hadi Ijumaa. Jumamosi nitashuka ngazi zote nne na kupanda za chuo, na nakala yangu mkononi, na sitamwambia Mkuu kwamba wewe ni mtoto wa kaka yangu. Nitaona aibu.

Shangazi yako, bado, kwa bahati mbaya


24 Aprili

Shangazi, shikamoo.

Natumaini goti halijambo na hukulazimika kulipandisha popote.

Orodha ilikuwepo. Ulijua ipo. Niliifungua siku ile ile niliyosoma barua yako, nikaifunga, nikaifungua tena. Majina sitini na manne, pamoja na namba za simu. Sitini na matatu ukimtoa Bibi Majaribio.

Alhamisi, siku moja kabla ya Ijumaa yako, nilikwenda kwa Mkuu. Nilikuwa nimeandaa maelezo marefu ya kitaalamu. Alichukua karatasi, akavaa miwani.

"Hawa ni nani?"

"Ni walioomba, mama."

"Mbona kwangu hawapo?"

"Mfumo uliwakataa. Kwa makosa. Makosa yangu."

"Na wenyewe waliambiwa nini?"

Shangazi, nilikuwa na maelezo ya kurasa mbili, na jibu lilikuwa neno moja. Nikasema, "Waliambiwa hongera."

Alivua miwani akaiweka mezani. Nilidhani atapiga kelele. Hakupiga. Akasema, "Simu ile pale. Kaa hapo. Uwapigie mmoja mmoja, mimi nikisikia."

Ilichukua siku mbili. Yeye anasaini karatasi zake, mimi napiga. Kumi na moja hawakupatikana kabisa. Mwanamume mmoja alipokea akasema binti yake alikwisha kwenda mji mwingine kutafuta kazi za ndani, akaniuliza namrudishaje. Mmoja alinitukana mpaka salio lake likaisha, maana alikuwa amepiga yeye. Wengi walinishukuru, na hao ndio walionishinda. Mwingine aliniuliza, "Sasa yale maua yalikuwa ya nini?" Nikamwambia ni maktaba. Akauliza, "Maktaba gani?" Nikamtazama Mkuu. Mkuu akasema, "Mjibu."

Kimya nilimpigia mwenyewe. Nikajieleza toka mwanzo hadi mwisho, nikamwambia mimi ni nani wako. Akasema, "Sawa," akakata. Ndivyo alivyo, au ni kwangu tu?

Usaili wa ziada utafanyika wiki ya kwanza ya Mei. Mkuu amesema tovuti itabaki, mimi nisibaki. Ofisini kwetu timu amepewa dada mmoja aliyeanza kazi mwaka jana. Kazi yangu ya kwanza chini yake ni kupitia fomu zote tulizowahi kutengeneza na kuzijaza kama mtu asiye na kitu: asiye na barua pepe, asiye na jina la pili, mwenye simu ya zamani. Nimeshapata nyingine mbili zinazodanganya.

Habari ya mlinzi nimeisoma mara nyingi.

Mwanao


19 Mei

Kwako mwanangu,

Marahaba. Natumaini u mzima na nyumbani kwako wote salama. Goti linauma kwa sababu ya mvua, lakini ni maumivu ya heshima.

Nakuletea matokeo kwa sababu hakuna mwingine atakayekutumia. Katika wale sitini na watatu, arobaini na mmoja walifika kwenye usaili. Kumi na saba wamechukuliwa. Mmoja wao alifika na mtoto mgongoni, akafanya mtihani karani akimbembeleza mtoto. Karani yule yule.

Kimya hakuchukuliwa.

Niliposikia nilivaa viatu. Nilikuwa tayari kwenda kumwambia Mkuu yale yote niliyokuwa nimekuandikia wewe, na ya ziada. Kimya akasimama mlangoni akanizuia.

"Usiende, Mama."

"Wamekuonea tena!"

"Hawakunionea. Baiolojia yangu ni D, wanataka C. Mkuu aliniita ofisini peke yangu. Alikuwa na karatasi zangu mezani, amepigia mistari. Akalisoma jina langu, majina yote matatu, akaniuliza kama analitamka sawasawa. Akanionyesha nilipopatia na nilipokosea. Akasema nirudie somo lile moja, nije tena mwakani, atanikumbuka."

Alizungumza hivyo, bila kupumzika. Nikahesabu baadaye, yalizidi maneno ya mwezi mzima.

Nikamwambia, "Lakini umekataliwa, mwanangu."

Akasema, "Ndiyo. Lakini safari hii nimekataliwa na mtu."

Alilia siku mbili. Siku ya tatu alikwenda kazini.

Usidhani dharau yangu kwako imekwisha. Imepungua ukubwa tu, sasa inaenea kwenye bahasha ya kawaida. Uliposema ukweli ulikuwa umeshikwa shati, na wale kumi na mmoja ambao simu zao hazikupatikana sijui wako wapi, na wewe hujui. Uendelee kuwatafuta. Usinijibu kwamba utajitahidi.

Mimi nimemaliza kozi. Cheti kina muhuri wa dhahabu kama ulivyosema, na bwana wa magodoro kapata tovuti inayowaka-waka kila mahali, haisomeki. Ningekuandikia zaidi, lakini Kimya amekuja na kitabu cha baiolojia amesimama nyuma yangu. Anataka meza.

Shangazi yako